Maneno ya Kuchonga Kwenye Kaburi la Baba Yako

Mwanangu,

Pokea salamu zangu. Natumaini wewe, mkeo na wajukuu zangu hamjambo. Mimi mzima, meno yamebaki machache lakini bado yanang'ata. Usiucheke mwandiko. Niliishia darasa la tatu na bado unasomeka kuliko wako.

Mkeo kanipigia. Anasema fundi wa mawe anasubiri, mnataka niyaandike vizuri kwa lugha yetu yale maneno ya mwisho ya baba yako, ile baraka uliyoirekodi kwenye simu, yachongwe kaburini. Eti na wale wageni wa mradi wa kuhifadhi lugha watakuja kupiga picha. Haya. Kumbe leo ina thamani! Ulipopata watoto ulituambia tusiwasemeshe lugha hiyo, itawaharibia shule. Wewe mwenyewe ulikuwa umeshaitema kama kohozi. Tukatii. Baba yako akija kwako alikuwa anakaa sebuleni kimya kama fundi aliyekuja kutengeneza friji.

Unajua kiharusi kilimwacha bila Kiswahili, hata neno moja. Daktari alikueleza. Siku ile uliyofika hospitali mimi nilikuwa uani nafua mashuka yake. Niliporudi ulishaondoka; hata kumngoja mama yako huna muda. Kwa hiyo maneno hayo niliyasikia mara ya kwanza mazikoni kama watu wengine, yanatoka kwenye spika, na wewe umefumba macho ndani ya koti lako jipya, watu wanalia.

Hukuwaona ambao hawakulia? Baba yako mdogo alitazama viatu vyake. Yule mzee mshona viatu alijiziba mdomo kwa kofia. Tulipotoka makaburini baba yako mdogo akaniambia, shemeji, mwache mtoto, ashafiwa huyo. Nikakuacha. Lakini kuchonga kwenye jiwe, hapana. Huo sasa ni uhuni.

Basi sikiliza, nakuandikia kwa Kiswahili ili uelewe. Baba yako alisema: kijana, umenikalia mkono. Inuka. Inuka bwana, unaniumiza. Halafu niulizie huko nje kama mwanangu ameshafika.

Na wewe, sauti yako inasikika kabisa, ukamjibu: Amina, baba. Amina.

Mkono ule niliukuta umevimba. Nikawagombeza wauguzi bure, watoto wa watu.

Sasa amua mwenyewe cha kumwambia fundi wako. Tunaoweza kulisoma jiwe hilo tumebaki watatu, na baba yako mdogo ameanza kukohoa damu. Ukitaka liwe baraka, subiri kidogo tu. Hatutachelewa.

Mkeo msalimie, hana kosa. Wajukuu zangu wasalimie kwa lugha waliyonayo.

Ni mimi,
mama yako mzazi