Gazeti Lililofunga Viatu

Chicago, 2 Februari 1920

Mdogo wangu Elzie,

Bwana akulinde. Mgongo unaendeleaje? Goti langu linalalamika, ila nikikaa kwenye piano ya kanisa hunyamaza.

Nina siri, usinicheke. Siku za juma napiga piano kwenye sinema ya watu wetu. Picha hazina sauti, basi sauti yake ni mimi. Sasa imekuja moja, katengeneza mtu mweusi mwenzetu: wazungu wanamnyonga mkulima asiye na kosa, kama walivyomfanya Mjomba Asbury. Kamba ikirushwa juu ya tawi, nafumba macho. Msimamizi hunong'ona, "Dada Parthenia, macho fumba, vidole visilale!"

Nakutumia viatu vya safari. Pasaka uwe hapa, kitanda kipo.

Dada yako,
Parthenia

Mississippi, 19 Februari 1920

Dada,

Salamu katika Kristo. Mgongo haujambo. Viatu vimenitosha, lakini umevifunga kwa kitu gani, dada? Kwa gazeti letu la huko, lenye tangazo la picha yako, kamba na yote! Umesahau kwamba huku tunalificha chini ya godoro, wazungu wasilione?

Bwana wa posta alifungua kifurushi mbele ya watu. "Kumbe Elzie unasoma siku hizi! Na viatu hivi unakwenda navyo wapi, kijana?"

Nina miaka arobaini na moja. Nikajibu, "Kanisani, bwana." Wakacheka.

Sasa stesheni kuna mtu wa kunichunga, na mwenye shamba ninalolima kasema sitoki. Viatu navivaa kila Jumapili, wapate kuamini. Habari za picha usiniandikie tena. Niandikie za goti.

Mdogo wako,
Elzie

Chicago, 25 Aprili 1920

Elzie wangu,

Amani ya Mungu iwe nawe, popote ulipo. Barua tatu za goti nimekuandikia, hujajibu hata moja. Hii siipeleki posta. Naiweka ndani ya Biblia, nipate mahali pa kusema kweli.

Pasaka nilitandika kitanda. Nikapika maharage na mkate wa mahindi, nikala peke yangu.

Ile picha bado ipo. Yule mkulima anayenyongwa najua ni mwigizaji tu. Alhamisi alipita mlangoni pa sinema, mzima, anatafuna karanga. Hata hivyo sifumbi macho siku hizi. Kamba ikirushwa, vidole vinakwenda vyenyewe, nami namtazama miguuni, nihakikishe si viatu vile.

Dada yako,
Parthenia