Marahaba ya Simu

Mtinko, Jumamosi

Na kuku wangekwisha wote kwa sababu ya neno moja tu.

Wanasinzia tangu juzi, nikataka kuiuliza akili bandia ya kwenye simu ni ugonjwa gani. Baba akanizuia. "Huanzi na salamu?"

Nikaandika shikamoo, ili yaishe. Ikajibu, "Marahaba, nikusaidie nini?"

"Ana umri gani huyo?"

Nikasema labda miaka mitatu. Bora ningenyamaza.

"Mtoto wa miaka mitatu anakuitikia marahaba, na wewe unacheka?" Akageuza kiti, akatupa mgongo, mimi na simu. Huku jogoo wake mwenyewe anazidi kulegea, jamani...

Ikabidi niiandikie kwamba hapa yupo mzee. Ikaomba radhi, ikaandika, "Shikamoo, baba." Nikamsomea.

Akakohoa kidogo, akaiinamia simu. "Marahaba, mwanangu." Akaulizia kuku, akaulizia alizeti, akaulizia na goti lake. Kesho tunamwita bwana mifugo, kama alivyoshauriwa.

Akienda kulala akasema, "Huyu amelelewa." Kisha akanitazama, akanitazama tena.

Ndipo nikakumbuka. Asubuhi nilimpita mlangoni macho yakiwa kwenye simu, sikumwamkia.