Wimbo Alioutaka Bwana Pelling

Bungoma, 6 Machi 1938

Mwanangu Wakhungu,

Nakusalimu sana. Sisi wazima, ila goti langu linasumbua mvua ikikaribia. Wewe je, unakula? Jumapili niliwasimamisha wamama mlangoni mwa kanisa nikawasomea barua yako yote: ati Bwana Pelling unayemfanyia kazi aliimba Landani, anapiga piano, anachekesha watu, anacheza kwa viatu vyenye chuma vya kugonga sakafu, na nyimbo anatunga mwenyewe. Na mtu kama huyo anaomba mwanangu amfundishe litungu letu la nyuzi! Lakini umempa wimbo gani?

Mama yako, Nekesa

Kitale, 20 Machi 1938

Mama mpendwa,

Salamu nyingi. Mimi mzima, nakula. Nimempa ule tulioimbiwa tukitoka mtoni, asubuhi ya kutahiriwa. Ameupenda sana! Pasaka Wazungu wataucheza klabuni, wawili wawili. Ukiwapendeza, ananipeleka Nairobi nikapige naye.

Mwanao, Wakhungu

Bungoma, 25 Machi 1938

Wakhungu,

Salamu. Goti limepoa, sasa ni moyo. Huo wimbo si wa kushikana viuno! Anaimbiwa kijana mwenye matope mwilini, anayekwenda kusimama mbele ya kisu asipepese jicho. Agosti ni zamu ya mdogo wako. Nimeshajisifu kwa watu juu ya kazi yako, basi wanicheke. Mwambie Bwana auache. Akikufukuza, rudi, ugali upo. Akitaka wimbo mwingine, mpe wangu, ule niliotunga nikifukuza ndege kwenye shamba la wimbi. Huo ni wangu, nampa ninayetaka.

Mama

Kitale, 19 Aprili 1938

Mama,

Hujambo? Samahani kwa kunyamaza. Nilipomwambia, Bwana alifunga piano akaninunia wiki mbili. Nikafunga sanduku langu. Ijumaa Kuu akaniita: "Haya, niimbie huo wa mama yako." Jana mabibi walizunguka na waume zao, mimi nikiimba kwa lugha yetu, "Nyinyi wezi wa miguu myembamba, matumbo yawapasuke!" Wakapiga makofi, wakataka tena. Bwana akawaambia umetungwa na Mama Nekesa wa Bungoma. Juni tunakwenda Nairobi.

Mwanao

Bungoma, 27 Aprili 1938

Mwanangu wee,

Salamu kwako na kwa Bwana. Barua nimeisoma mara nne. Ya nne nilimsomea jirani yetu Sellah peke yake, maana si yeye aliyesema sauti yangu inafukuza hata watu? Mwambie Bwana Pelling nina mwingine wa kufukuza nyani, mkali zaidi. Lakini huo sitautia kwa posta. Aje mwenyewe, akae kwenye mkeka, nimwimbie, naye arudie mpaka mimi niseme imetosha.

Mama yako, mtunzi