Picha ya Kaburini Niliipiga Mimi

Jumatano, mchana. Kilema.

Ukungu umeshuka tangu asubuhi na mpaka sasa haujaondoka. Julai ya huku juu ndivyo ilivyo, nguo za mtoto zinakaa kambani siku tatu na ukizishika bado zina unyevu. Neema yuko shule. Yosefu amelala. Nina kama saa moja kabla hajaamka kutaka ziwa, na nimeamua kuitumia kuandika jambo nililolibeba wiki tatu.

Nimechoka. Si uchovu wa kunyonyesha, huo nimeshauzoea.

Mnaonisoma siku nyingi mnajua naishi ukweni. Mume wangu anafanya kazi kwenye mashamba ya miwa kule chini, anapanda kuja nyumbani mara mbili kwa mwezi. Huku kihambani, katikati ya migomba na kahawa, tupo mimi, watoto wawili, ng'ombe wawili na Mama. Nikisema Mama, ni mama mkwe. Baba mkwe alifariki kabla sijaolewa. Amezikwa hapa hapa nyuma ya nyumba, kaburi limezungushiwa majani ya masale, na ukisimama kwenye dirisha la jiko langu unaliona lote.

Hapo dirishani ndipo nilipokosea.

Asubuhi hiyo nilikuwa nakoroga uji. Nikamwona Mama amepiga magoti kaburini, kitenge mpaka kichwani, ameshika kata ya mbege, pombe yetu ya ndizi. Alikuwa anaimwaga kidogo kidogo kwenye majani huku anaongea. Watu wa huku hatushangai. Pombe ikishaiva, ya kwanza ni ya mwenye kihamba, hata kama Jumapili wewe ndiye unayeongoza rozari. Hakuna anayelitangaza na hakuna anayelikana.

Ukungu ulikuwa umemzunguka vizuri. Nikapiga picha. Nikaituma kwenye kundi letu la wasichana tuliosoma pamoja sekondari, tulikuwa kumi na wanne, nikaandika chini yake: "Mama mkwe anamnywesha marehemu. Leo nafunga mlango kwa komeo." Nikaweka na vile vikatuni vya kucheka. Wakacheka. Mmoja yuko Bomang'ombe, akajibu, "Shoga, usimkorofishe, atakusemea kwa mzee." Nikacheka mpaka uji ukafurika.

Ni hivyo tu. Sikuwa na ubaya wowote moyoni. Naandika hivyo kisha najiuliza, sasa kama sikuwa na ubaya, mbona nilipiga kwa kujificha nyuma ya pazia?

Siku ya nne picha ikarudi. Ilitokea kwenye kundi la wazazi wa darasa la Neema, imetumwa na mtu aliyetumiwa na mtu. Picha ile ile, maneno siyo yangu. "Mchawi wa Kilema anaswa akiwanga. Huyu ndiye anayemaliza watoto." Ukiivuta kwa vidole unasoma jina la baba mkwe kwenye msalaba.

Mwezi wa tano jirani yetu wa ng'ambo ya mfereji alizika mtoto wa miezi minane. Nimonia. Mama ndiye aliyeshinda naye hospitali, ndiye aliyembebea maziwa kila siku. Sasa jirani huyo anapita njiani anaangalia migomba.

Nilifuta. Nilifuta kwenye kundi, nikafuta kwenye simu. Wenzangu wakaanza kutoka kimya kimya, mmoja baada ya mwingine. Tumebaki watatu na hakuna anayemsalimia mwenzake. Nilimpigia mume wangu nikamweleza yote. Akasema, "Umeshafuta? Basi funga mdomo. Yatapita." Nikaona ni ushauri mzuri kwa sababu ndio niliokuwa nautaka.

Hayakupita.

Jumamosi ile zamu ya sala ya jumuiya ilikuwa kwetu. Mama alipika ndizi na nyama sufuria kubwa, akatoa viti vyote nje, akaazima na benchi. Akavaa gauni la Pasaka. Tukakaa. Saa ikapita. Alikuja bibi mmoja tu wa kule juu, ambaye hana simu. Alitazama viti vile akauliza kwa sauti, maana hasikii vizuri, "Kwani nimekosea siku?" Mama akamwambia hapana, umepatia. Wakasali rozari wawili. Mimi nilikuwa wa tatu lakini mdomo wangu haukutoa kitu.

Zile ndizi alizila ng'ombe.

Wanunuzi wa maziwa nao wakaacha kuja. Wengine walisema watoto wanaharisha, wengine hawakusema kitu. Ndipo Mama akaniuliza watu wameona nini kwenye simu. Yeye ana kisimu cha tochi, hakionyeshi picha. Nikamwonyesha. Aliitazama muda mrefu, akasema, "Kitenge kimetoka vizuri." Halafu akaenda zizini, hakurudi mpaka ng'ombe wamelala.

Wiki iliyopita akaniita mezani. "Mama Neema, chukua daftari. Wewe una mkono mzuri. Nasikia siku hizi kuna sheria ya mambo ya simu, naenda Moshi kushitaki."

Nikaandika. Naomba mnielewe hapa, niliandika kwa mkono wangu mwenyewe, yeye akisema mimi nikifuata. Jina lake, kijiji, siku yenyewe. Akasema, "Andika, nilipigwa picha na mtu nisiyemfahamu." Nikaandika mtu nisiyemfahamu. Kalamu haikukwama wala nini.

Kisha akasema waeleze nilikuwa nafanya nini pale, wasije wakasema nimeficha. "Andika, nilikwenda kumwambia mume wangu kwamba mjukuu wake Yosefu, anayeitwa jina lake, amepona kifua. Nilikwenda kushukuru."

Mtakumbuka Yosefu alilazwa. Niliandika hapa nikiwa wodini.

Alikuwa anashukuru kwa ajili ya mwanangu. Na mimi nilikuwa dirishani, nacheka.

Tukashuka Moshi, kituo cha polisi, Yosefu mgongoni. Aliyetupokea alikuwa askari wa kike, umri kama wangu, mpole. Alimwamkia Mama shikamoo, akasoma barua yote, akaiweka chini taratibu.

"Bibi, sheria ya makosa ya mtandao haimtafuti aliyeandika neno mchawi peke yake," akasema. "Aliyeanzisha, aliyeongeza, aliyesambaza, kila mmoja ana lake. Kuna faini, kuna kifungo, mahakama ndiyo inaamua."

Mama akauliza, "Na kama mtu anasema alikuwa anatania?"

"Utani atauelezea huko huko mbele."

"Na aliyepiga picha?"

"Huyo ndiye tunayeanza naye. Kufuta hakusaidii kitu, ikishatoka imetoka, kuna waliobaki nayo." Akanigeukia. "Dada, wewe ilikufikiaje? Naomba simu yako tuone."

Nikasema nimeiacha nyumbani, iko kwenye chaji.

Ilikuwa kwenye mkoba wa nepi, chini ya kiti. Na wakati huo huo ikaanza kutetemeka. Nilimfinya Yosefu pajani. Akalia kwa nguvu, sauti ya simu ikazama. Yule askari akasema masikini, ana njaa huyo, mnyonyeshe tu dada. Tukapangiwa turudi Alhamisi na simu.

Nimemfinya mwanangu ili nifiche simu. Hilo sikumwambia hata baba yake. Usiku alama ilikuwa bado ipo, nyekundu, na yeye ananichekea.

Alhamisi ni kesho.

Leo asubuhi nilikwenda kwenye kaburi la baba mkwe, nikakata jani la sale, nikalifunga fundo. Kwa wasio wa huku, jani hilo likifungwa fundo linaitwa isale. Ukimkosea mtu unamletea isale, na mtu akiletewa hawezi kukataa kukusamehe, hata kama umemchinjia ng'ombe wake bila ruhusa. Tangu tuko watoto tunajua hivyo. Na niseme ukweli wangu wote, nililikata kwa hesabu. Nilijiambia Mama akilipokea, jambo limekwisha, kesho hatuendi popote. Nina mtoto wa miezi saba. Kila nikisikia neno kifungo maziwa yanakauka.

Alikuwa anakamua. Nikapiga magoti palepale kwenye majani ya ng'ombe, isale mkononi, Yosefu mgongoni.

Akaliona akasema, "Kumekucha. Umegombana na mwanangu kwenye simu, unataka nikusuluhishie?"

"Hapana, Mama."

"Basi umevunja lile sufuria langu."

"Mama, picha niliipiga mimi."

Aliendelea kukamua. Nilisikia maziwa yakigonga ndoo, moja, mbili, moja, mbili. Nikasema yote. Dirisha, kundi, yale maneno ya komeo. Nikasema na simu iliyokuwa kwenye mkoba. Nikasema na Yosefu nilivyomfinya. Alipomaliza kukamua akasimama kwa kushika ukuta, akalichukua isale, akalichomeka kwenye fito za zizi, na akaniinua kwa mkono.

"Isale halirudishwi," akasema. "Nimekusamehe, mae. Kabisa."

Nikaanza kulia, nikidhani nimepona.

"Lakini hili ni la mimi na wewe. Wale wa kwenye simu nitawapelekea jani gani? Yule mama wa ng'ambo ya mfereji, anayelala akijua nimemla mwanawe, nitamfungia fundo lipi?"



"Leta ile barua."

Nakala yetu ilikuwa kabatini. Akakaa mezani, akanipa kalamu. "Tuliandika mtu nisiyemfahamu. Si kweli tena. Kata hapo."

Nikakata.

"Andika jina lako. Lote. La ubatizo, la baba yako, na la kwetu."

Niliandika majina matatu. Mkono uliokuwa mzuri wiki iliyopita leo ulikuwa kama wa Neema. Nikamuuliza, Mama, wakinifunga? Akafikiri. Hakunidanganya, na kwa hilo nampenda. Akasema hajui. Akasema atawaambia amenisamehe, na atawaambia pia maneno ya mchawi siyo yangu, wamtafute mwenyewe kupitia kwangu. "Wakikuweka ndani nakaa kwenye benchi na mtoto, kila akilia nakuletea umnyonyeshe. Watachoka wao kabla yangu." Kisha akaniambia niache kulia nikachemshe maziwa, yatachacha.

Nimempigia mume wangu. Amefoka, kasema nimejitafutia. Nimemwambia ndiyo, nimejitafutia, na kesho aombe ruhusa aje kituoni kusimama na mama yake. Kama haji, namwelewa, lakini asiniambie tena nifunge mdomo.

Haya niliyoandika nimemsomea Mama kwanza, yote. Safari hii nimeomba ruhusa. Ametoa sehemu moja tu, niliposema amekonda. Akasema, "Usiwaambie nimekonda. Watafurahi." Mengine kasema yaache, pamoja na ndizi kuliwa na ng'ombe.

Nikiwa naandika hapa, simu imeita. Ujumbe, kutoka kwa binamu yangu aliyeko Tarakea, anauza nguo sokoni. Ni ile picha. Chini ameandika, "Eti huyu mchawi si wa huko kwenu? Kuwa makini na watoto."

Wiki tatu zilizopita ningeweka kikatuni cha kushangaa. Wiki iliyopita ningefuta. Nimeishika simu mpaka kioo kimezima, nikakiwasha tena. Nikamjibu: "Ni mama mkwe wangu. Alikuwa anashukuru mwanangu amepona. Picha niliipiga mimi. Mwambie na aliyekutumia."

Alama mbili zimegeuka bluu. Amesoma. Bado hajajibu.

Yosefu anajigeuza, anaamka. Sijui hiyo picha iko kwenye simu ngapi, huku mlimani na kwingine kote. Nimeanza na hiyo moja.