Mahari Niliyoitia Chetezoni

Ndipo nikaitia ile karatasi chetezoni, juu ya makaa ya udi, Bi Suad wa gazetini, mwanangu, mbele ya wanawake arubaini, nikasema mahari ya mjukuu wangu Johari haiji kwa cheti cha deni. Nisaidie, maana tangu siku ile sina uso. Aniandikia Mwalimu Badawi wa chuoni hapa Likoni, na yeye wallahi hajapata kushika cheki, ada yake ni senti za Alhamisi za watoto, kwa hivyo maneno yakipinda usimlaumu, yamepinda kinywani mwangu.

Mimi pesa nazijua, usinione hivi. Senti kumi yenye tundu naijua, nazitunga uzini. Noti naijua, naifunga pindoni mwa leso nikalala nayo. Marehemu mume wangu alikuwa kuli bandarini, akilipwa Jumamosi mkononi, akija hunimiminia mkekani zikilia, nikajua wiki imekwisha. Mwanangu, babake Johari, Mungu amrehemu, alipokuwa Unguja akileta posta oda, na hiyo naijua pia, waenda posta watia dole gumba wapewa chako. Na kwa mwenye duka kuna cheti, siku huna kitu aandika, wachukua mchele, na kile cheti ndicho deni lako. Sasa mimi karatasi iliyoandikwa kwa mkono wa mtu, haina sura ya mfalme wala ya malkia, ningeijulia wapi kuwa si cheti?

Mposaji ni Mwinyihaji, karani wa shehena, akaa Changamwe, kijana wa adabu, hajapata kuingia kwangu asiniamkie. Mamake, Mwanatabu, ndiye aliyeleta sinia, limefunikwa leso ya kisutu, na kwetu mahari hufunuliwa mbele ya wanawake wa pande zote mbili, noti zikapangwa duara, zikahesabiwa, vigelegele vikapigwa. Nikafunua. Halua ipo, marashi yapo, udi upo, na katikati bahasha, ndani karatasi moja. Wanawake wote wanitazama mimi. Johari yu chumba cha pili, msichana amesoma mpaka darasa la saba, ningemwita neno moja angenisomea. Sikumwita. Hilo ndilo linalonila, mwanangu, kuliko moto wenyewe. Kumwita ni kuwaambia wale wanawake kwamba sijui kusoma, kana kwamba walikuwa hawajui.

Mwanatabu aliitazama ikijikunja hata ikaisha. Hakunitukana. Alisema, "Bi Barke, mwanangu hajapata kuandika nyingine kabla ya hiyo. Alitaka ya kwanza iwe ya Johari." Akachukua sinia lake akaondoka, watu wake nyuma yake, na halua haikuliwa.

Jirani yangu Dhahabu, yule hafichi kitu, ndiye aliyenambia baadaye kwamba ile ni cheki, ni pesa za benki, shilingi mia sita, na kwamba makarani siku hizi mishahara yao yaingia huko huko, noti hawazioni. Akanambia, "Shoga yangu, wewe ndiwe wa kwanza Likoni kufukiza mia sita." Yeye acheka. Mimi nilikwenda jikoni nikakaa na vyungu, nikalia.

Johari hasemi nami. Apika, aniwekea, afunika, atoka. Harusi ilikuwa iwe Mfungo Nane, na kwa Mwanatabu kimya, hakuji mtu wala salamu. Basi nimeona nilipe. Kekee zangu mbili za mkononi nimezipeleka kwa sonara, amezipima, asema mia mbili na hamsini, na kwa zilizobaki nitauza minazi yangu kumi na miwili, aliyoniachia marehemu, ndiyo inilishayo. Nizifunge noti pindoni kwenye leso mpya, nimpe mtu azipeleke Changamwe pasi na kutaja jina langu. Nikilipa hivyo kimyakimya, aibu itaondoka? Johari ataolewa? Nambie, na jambo lingine nililotaka kukuuliza ni hili la

Abee. Ni yule mnunuzi wa minazi, aniita uani. Mwalimu, wacha hapo hapo, tia bahashani. Naja, baba, naja.

*

Bi Barke, shikamoo. Nimekuamkia kwanza, kwa sababu nitakayoyasema sasa si ya kumwambia mtu wa umri wako. Majina nimeyageuza, ingawa kwa wanawake arubaini sijui kama itafaa kitu.

Minazi usiuze. Kama umepokea arubuni ya yule mnunuzi, mrudishie leo, kabla Mwalimu hajamaliza kukusomea. Kekee zivae. Mia sita haikuungua. Noti ikiingia motoni imekwenda, lakini cheki ni amri tu: kijana aiambia benki, katika zangu mpeni fulani kiasi fulani. Umechoma amri. Pesa ziko pale pale zilipokuwa, hata senti moja haijanusa udi wako. Yeye ataijulisha benki kwamba ile imeharibika, isilipwe, kisha ataandika nyingine katika kitabu chake. Ni kazi ya asubuhi moja. Posta oda nayo hukuzaliwa ukiijua.

Kijana ana lawama yake, na kama asoma gazeti hili aisikie. Angetanguliza neno, au angetia sinia mia moja ya noti ili wazee wapate cha kuhesabu. Lakini yeye hakujua wazee walivyo. Wewe ulijua kuna msomaji chumba cha pili, ukanyamaza.

Kilichoungua ni uso wa Mwanatabu, na huo hauna benki. Ukimpelekea noti zisizo na jina atajua ni zako, na atajua kwamba wamkimbia, utakuwa umemtusi mara ya pili. Ijumaa hii panda feri mwenyewe, mchana, uende Changamwe. Mchukue Dhahabu, aliona yote na hawezi kunyamaza, safari hii atafaa. Ukifika mlangoni sema, "Sijui kusoma, na niliona haya kuuliza." Basi. Habari za senti na uzi ziache Likoni, maana nimekusoma, nakujua.

Kisha mwombe alete sinia tena, mbele ya wanawake wale wale. Ukilifunua, mwite Johari akae ubavuni mwako, mpe karatasi mkononi, umwambie akusomee: jina, kiasi, na sahihi ya mumewe. Mahari ni yake, na aisome yeye. Akimaliza, kigelegele cha kwanza kiwe chako.

Na chetezo, siku hiyo, akishike Dhahabu.