Kanuni ya Mbegu

Kimisagara, Novemba 1994

Dada Winifred,

Sabuni na madaftari vimefika, asante. Maharage yameota kando ya ukuta.

Kile kitabu cha watoto ninachokiandika nimekirudia, cha wale wawili wanaorudi nyuma miaka mia kutafuta mbegu za miti iliyokwisha bondeni kwetu. Kanuni niliyowawekea ni ileile: hawaruhusiwi kurudi na mtu, mbegu tu.

Jana nilimsomea Akimana. Akaniuliza, "Mama, wakiwa njiani hawawezi kusimama mwezi wa nne, wamchukue mdogo wangu kabla hajauawa?"

Nikamwambia kanuni hairuhusu.

"Si umeitunga wewe?"

Nimeifuta. Tangu asubuhi watoto wale wa kitabuni wamesimama mwezi wa nne, mlangoni kwetu, na mimi siwezi kuwafungulia.

Mdogo wako,
Joselyne