Jina Nisilolitamka

Jumapili, 30 Juni 2024
Mimi ni mke wa mtu! Asajile wangu bado amelala, mdomo wazi, namtazama na kucheka peke yangu. Jana alivaa lile jaketi jekundu nililomnunulia Mbeya – juu ya suti! Baridi ya Masukulu haina adabu. Jirani Lukasi alicheza mpaka akapoteza kiatu.
Mama mkwe amenifunda mapema: baba mkwe simtazami, sikutani naye njiani, jina lake silitamki. Nikimwona anakuja, nijifiche migombani. Na nikisahau? Akacheka: "Utasahau vipi, na wewe umeolewa kwetu?" Basi hata hapa sitaliandika.

Jumanne, 9 Julai
Lukasi amekufa. Amekatwa panga alfajiri shambani kwake, pale kwenye mpaka aliokuwa akigombania na wakwe zangu. Ukungu ulikuwa mzito. Kuna mama aliona jaketi jekundu tu, sura hakuiona.
Wamemchukua Asajile! Nimewaambia alikuwa kitandani, naapa. Polisi mmoja akanijibu: "Shemeji, mke gani atasema vingine?"
Lakini mimi nilikuwa nimetoka kuchota maji. Nikaona – hapana. Siandiki.

Alhamisi, 11 Julai
Tumemzika Lukasi. Mchungaji alisoma habari za yule aliyefufuliwa siku ya nne. Kila alipomtaja niliuma ulimi. Ndilo jina la baba mkwe.
Niandike sasa. Alfajiri ile nilijificha migombani, kwa heshima, kama nilivyofundwa. Ikapita miguu yake. Miguu, panga, pindo la jaketi jekundu. Akainama kijitoni, akaosha panga. Aliosha muda mrefu mno.
Labda alitoka kukata majani tu?

Ijumaa, 12 Julai
Mahakamani Tukuyu. Kesi imekuja "kutajwa". Nikamuuliza wifi Atupele, kutajwa ndiyo nini? "Wanataja jina lake, wifi. Basi. Anarudi rumande."
Dakika tatu! Lakini Asajile alinitazama – macho yale!

Ijumaa, 26 Julai
Upelelezi haujakamilika. Wakili wetu akaomba hakimu awaamuru polisi walitafute hilo jaketi, kwa kila aliyewahi kulivaa. Hakimu, mama mpole, akakataa. Si kazi yake kuwaambia polisi wapeleleze nini. Akianza kupeleleza yeye, nani atabaki wa kuamua? Mwenye taarifa aende kituoni.
Nilimchukia. Alikuwa anatazama mafaili yake, lakini nilihisi anasema na mimi.
Nikisonga ugali naona miguu ile. Nikifagia, naiona.

Jumapili, 4 Agosti
Nimemwona Asajile gerezani. Amekonda, bado mzuri! Nikamnong'oneza: jaketi uliliacha wapi? Akanijibu: "Kwa mzee."
Akagusa kidole changu cha pete kwenye wavu. "Ikupa, usimtaje mtu. Wewe ni mke wa kwetu."
Anajua. Mume wangu anajua!

Ijumaa, 9 Agosti
Kutajwa. Haujakamilika. Mpaka tarehe 23. Safari hii hakunitazama.

Jumatatu, 12 Agosti
Naandikia kwenye benchi la kituo cha polisi.
Mpelelezi ni Afande Naseeb, mtu wa Tanga. Nimemwambia yote: maji, migomba, miguu, kijito. Akaandika. Huyo mtu ni nani? Baba mkwe wangu. "Jina lake, dada." Siwezi. Akaweka kalamu chini. "Mkwe wako hana jina?" Askari wa kaunta akacheka: "Afande, ndiyo mila yao huku. Utakaa hapo mpaka Krismasi." Akanisogezea karatasi, niandike. Hata kuandika siwezi.
Nikaomba Biblia.
"Dada, mimi Mwislamu, Biblia niitoe wapi?" Lakini ametoka kuiazima. Naisikia sauti yake ofisi ya pili, anauliza nani anayo.
Bado naweza kuondoka. Mlango uko wazi. Nikitoka, nitakuwa mke wa kwao, na Asajile atatajwa tena, na tena. Nikibaki, akirudi nyumbani atanitazama kwa macho gani?
Amerudi nayo. Ndogo, ya bluu. Anauliza kitabu gani. Yohana, nasema. Sura ya kumi na moja, ile ya mazishini.
Ameifungua, ameiweka mapajani mwangu, kando ya daftari hili. Anangoja kidole changu